Chuo kimebadili jina na uongozi, walimu 11 tunadai mishahara: deni hili ni la nani?

#1 chaki_ya_jana

Wakuu habari za jioni.

Naomba mawazo, na matusi nitayavumilia. Mimi ni mwalimu, niko hapa Tanga mjini, nilifundisha chuo kimoja cha kati cha binafsi kwa miaka minne. Jina silitaji. Wenyeji mtakijua, na msiokijua hakiwapunguzii kitu.

Machi 2023 mshahara ukaacha kuingia. Tukaambiwa subirini ada za muhula. Muhula ukaanza, ada zikaingia, mshahara haukuingia. Ikafika Septemba, miezi saba kavu. Tulikuwa tumebaki 11, wengine walishajiondokea kimya kimya. Tukaenda CMA (Tume ya Usuluhishi na Uamuzi), tukajaza fomu, tukakaa na msuluhishi. Chuo kikaleta mtu mmoja aliyesema hana mamlaka ya kukubali wala ya kukataa, yeye ametumwa tu. Usuluhishi ukashindikana, tukaingia kwenye uamuzi. Agosti 2024 tuzo, yaani uamuzi wa CMA, ikatoka: tulipwe milioni 46 na ushee. Siku hiyo tulikula wali kuku, kwa mkopo.

Kizungumkuti kikaanza kwenye kukaza tuzo, yaani kuitekeleza kwa kukamata mali. Dalali wa mahakama amefika pale anakuta kibao kimepakwa rangi upya, jina jipya. Mkuu wa chuo mpya, mhasibu mpya. Mlinzi tu ndiye yule yule, tena alimkaribisha kiti. Mkuu mpya akatoa barua: wao wamepanga majengo, madeni ya uongozi uliopita hayawahusu. Dalali akaambulia madawati 23 na printa moja isiyo na mfuniko. Hayo nayo yamewekewa pingamizi kwamba si mali ya mdaiwa. Akaunti ya benki tuliyoitaja ilikuwa na elfu kumi na nne.

Jana usiku nikazitoa karatasi zangu zote nikazitandaza kitandani. Mkataba umeandikwa "Chuo cha Fulani", umesainiwa na mkuu wa chuo. Slipu ya mshahara inasema "Fulani Limited". Stakabadhi ya ada ya kijana mmoja niliyemsaidia kulipa ina muhuri wa "Bodi ya Wadhamini". Na kwenye tuzo yetu mdaiwa ni "Chuo cha Fulani", kwa sababu ndivyo tulivyojaza fomu sisi wenyewe.

Sasa niambieni. Uongozi ukibadilika, deni la mishahara analibeba nani? Na mwajiri wangu hasa alikuwa nani?

#2 pweza_mkavu

Nimeweka mkeka. Kahawa chungu na kashata viko kwangu, wanasheria wa humu piteni.

#3 Mzee_Barabara_ya_9

Pole sana mwalimu. Deni halifi kwa kubadilisha kibao. Mtu akioa mke wa pili hasemi madeni ya mke wa kwanza si yake.

Nakushauri mambo mawili. Kwanza nendeni PSSSF mkaangalie kama michango yenu ilipelekwa. Pili, mliosahau kujiunga na kesi wahini, maana CMA mnao muda wa miezi sita toka mgogoro utokee.

#4 karani_mstaafu

Mzee wangu wa #3, shikamoo, ila nikusahihishe kabla watu hawajakwenda kugonga mlango usio wao.

PSSSF ni ya watumishi wa umma, ilianza Agosti 2018 baada ya ile mifuko ya pensheni kuunganishwa. Chuo binafsi ni NSSF. Na miezi sita haipo popote. Ukiachishwa kazi una siku 30 za kufungua mgogoro. Madai mengine, mishahara ikiwemo, ni siku 60. Ukichelewa unaomba kuongezewa muda na unaeleza sababu. "Tulikuwa tunawaamini" si sababu, nimeikuta ikitupwa mara nyingi kuliko nywele nilizobakiwa nazo.

Nije kwa mleta uzi. Swali lako la pili ndilo lililobeba la kwanza. Chuo ni majengo, wanafunzi na kibao. Chuo peke yake hakina nafsi kisheria, hakiwezi kudai wala kudaiwa, mpaka sheria ikiumbe. Nyuma yake kuna mtu au chombo. Kama ni bodi ya wadhamini iliyosajiliwa RITA (wakala wa usajili, ufilisi na udhamini), anayedaiwa anaandikwa "Wadhamini Waliosajiliwa wa" kitu fulani. Kama ni kampuni, imo BRELA (wakala wa usajili wa kampuni), inadaiwa kwa jina lake lote mpaka hiyo Limited ya mwisho. Ninyi mmeshitaki kibao. Wenzenu wamekipaka rangi.

#5 mgosi_wa_pongwe

"Mmeshitaki kibao, wenzenu wamekipaka rangi" 😂😂 Karani una roho mbaya wewe.

Mgosi mwenzangu wa #1 usikate tamaa. Huyu alistaafu zamani lakini bado anaandika kama anapiga muhuri.

#6 mhasibu_bila_ofisi

Sheria waachieni wenyewe. Mimi niwape upande wa daftari, maana nimekaa dirishani pa kulipia ada miaka sita. Si chuo hiki, kingine, na si Tanga mjini.

Watu wanadhani mmiliki kakalia hela. Wengine kweli wamezikalia. Ila angalieni mzunguko wenyewe. Ada inaingia kwa mawimbi mawili, mwanzo wa muhula na wiki ya kabla ya mtihani. Mzazi analipa robo, anaahidi iliyobaki akiuza machungwa, wa Muheza huyo. Wa Lushoto anasubiri viazi. Mshahara wa mwalimu ni kila mwezi, haujui msimu wa machungwa. Hapo katikati mmiliki anakopa. Anakopa benki kwa kuweka jengo rehani, kisha wimbi la ada likija benki inachukua kwanza, mwenye chakula cha wanafunzi wa bweni anachukua, TANESCO wanachukua. Mwalimu ndiye anayeweza kusubiri kwa sababu ndiye mwenye aibu ya kuacha darasa.

Pale kwetu tulikuwa na daftari la jalada gumu, kijani, tunaliita "la subira". Jina la mwalimu, mwezi, kiasi, saini. Mwaka wa kwanza kila jina lilikuwa na mstari mmoja. Nilipoondoka kuna mwalimu wa hesabu alikuwa amejaza kurasa mbili peke yake, na kila mwezi alikuja kusaini kwa kalamu yake mwenyewe, hakutaka ya ofisi.

Kwa hiyo, mleta uzi, uliza pia kama hilo jengo lina rehani. Hao wapya yawezekana kabisa ni wapangaji kweli, wamewekwa na benki au na mnunuzi. Si kila kibao kipya ni hila.

#7 mama_wawili_makorora

Mimi ni mzazi. Nawasoma mnalilia walimu, na walimu wana haki. Lakini mwanangu alimaliza hapo hapo (kama ni pale ninapopafikiria) na ada nililipa mpaka senti ya mwisho, stakabadhi ninazo kwenye mfuko wa plastiki. Alipokwenda kuchukua matokeo akaambiwa anadaiwa. Nimekwenda na stakabadhi, mhasibu mpya anasema "mama, hizi si za mfumo wetu." Mfumo gani? Muhuri ule ule, daftari lile lile, mimi nililipa kwa binadamu aliyekaa kiti kile kile.

Ninyi mnadai mishahara, sisi tunadai vyeti. Na wote tunaambiwa tumekosea mlango.

#8 chaki_ya_jana

Asanteni wote. Mama wa #7, shikamoo, na pole. Stakabadhi zako zina muhuri wa nani? Naomba uangalie, wadhamini au Limited?

Karani, suala la siku 60 wakili wao alilitumia. Akasema mishahara ya Machi mpaka Julai imepitwa na muda. Tuliomba kuongezewa muda, tukaonyesha barua ya mkuu wa chuo ya Agosti iliyosema "uongozi unatambua deni na utalilipa". Mwamuzi akatukubalia. Lakini suala la jina, wallahi, hakuna aliyelitia mdomoni. Wao wenyewe walijibu kwa jina hilo hilo la Chuo, wakaleta utetezi, wakasaini mahudhurio. Leo ndio hawajui Chuo ni nani?

Mhasibu, hilo daftari la subira hata kwetu lilikuwepo. La kwetu lilikuwa jekundu.

#9 dalali_wa_kweli

Nafanya kazi ya kukaza hukumu, mkoa mwingine. Niseme kilichonifurahisha na kilichoniudhi.

Kilichonifurahisha: madawati yamekamatwa. Anayeweka pingamizi, Amri ya 21 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai inamtaka aonyeshe kwamba siku ya kukamatwa yeye ndiye aliyekuwa na maslahi kwenye mali hiyo au aliyekuwa ameishika. Hiyo ni kazi yake, si yenu. Barua ya kusema "tumepanga majengo" inaongelea majengo. Dawati si jengo.

Kilichoniudhi: 23 tu? Chuo kizima? Kompyuta hazikuwepo? Mara nyingi habari za dalali zinafika kabla ya dalali. Nimeshafika sehemu nikakuta alama za mraba safi mezani, vumbi pembeni, na nyaya zinaning'inia.

Na msije mkashawishiwa kuomba mtu afungwe kifungo cha madai mkidhani ndio mwisho wa mchezo. Miezi sita ndio ukomo, na mnaomfungisha ndio mnaolipia matunzo yake humo ndani. Mkiacha kulipa anatoka.

#10 mgosi_wa_pongwe

Subiri. Yaani anidhulumu, nimfungishe, halafu nimnunulie maharage?

#11 dalali_wa_kweli

Na chumvi.

#12 karani_mstaafu

Turudi kwenye jina. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, kifungu cha 90, inamruhusu mwamuzi kurekebisha kosa la kiuandishi kwenye tuzo, kwa maombi au kwa hiari yake. Kama mdaiwa alikuja mwenyewe, akajibu, akajitetea, hakuna aliyedanganywa kuhusu nani anadaiwa. Ombeni jina lisomeke sawasawa kisha mrudi kwenye kukaza. Tuzo yenyewe haiozi haraka, kukaza hukumu kuna miaka 12.

#13 toga_nyeusi

Nimesoma kimya tangu juu. Kwa heshima zote kwa mzee karani, #12 ni matumaini yaliyovaa tai.

Kosa la kiuandishi ni kuandika Juma badala ya Jumaa, au 64 badala ya 46. Hapa hoja ni kwamba aliyeandikwa hayupo kisheria na anayetakiwa kuongezwa ni mtu mwingine ambaye hakuwahi kuitwa. Huwezi kumwingiza mtu kwenye deni kwa kalamu ya kusahihisha. Wakili wa upande wa pili akiamka siku hiyo akiwa amekunywa chai vizuri, atasema hivyo na atasikilizwa.

Na kuna hatari ya pili. Mkiomba marekebisho mnakuwa mmekiri kwa maandishi kwamba tuzo ina kasoro. Hao hawakuomba mapitio Mahakama Kuu ndani ya wiki sita, wamelala. Msiwaamshe.

Ningekuwa mimi: kwanza upekuzi RITA, kisha upekuzi BRELA, kisha NACTVET (baraza linalosimamia vyuo vya kati) kuona usajili wa chuo uko kwa jina la mmiliki gani. Karatasi tatu hizo mezani ndipo tuongee. Kabla ya hapo sote tunapiga ramli, nami nimo.

#14 kibua_wa_deepsea

Kwani si waanze upya tu mahakama ya kawaida? Madai ya mkataba ni miaka 6. 2023 mpaka sasa bado muda upo, mnaishitaki Limited na wadhamini kwa pamoja, atakayekimbia akimbie.

Na NACTE waifungie leseni.

#15 karani_mstaafu

NACTVET, si NACTE, jina lilibadilika. Naona kila kitu kwenye uzi huu kinabadilika jina.

Na hiyo miaka 6 isahau. Mgogoro wa kazi unaanzia CMA, huwezi kuuvika kanzu ya mkataba ukaupitisha mlango wa madai ya kawaida. Watakurudisha ulikotoka, na huko siku 60 zimeshakwenda na maji.

#16 toga_nyeusi

Hapo kwenye #15 tunakubaliana na mzee. Tuandike tarehe.

#17 Mzee_Barabara_ya_9

Nimepokea masahihisho ya PSSSF, uzee.

Mnaongea habari za jina mkidhani ni jambo jipya. Marehemu baba alikuwa karani wa reli hapa Tanga, enzi za Jumuiya ya Afrika Mashariki. Jumuiya ikavunjika 1977. Asubuhi ameamka, kofia ile ile, ofisi ile ile, treni ile ile ya Moshi, lakini aliyemwajiri hayupo. Si amefilisika, si amekufa, hayupo. Nchi tatu zinatazamana. Wazee wale wamedai mafao mpaka wengine wanakwenda Dar wakisaidiwa kushuka basi. Yalipokuja makubaliano ya 2005, baba alikuwa amebakiwa na jicho moja linaloona. Alikuwa na bahasha ya kaki, na juu ameandika kwa mkono "MWAJIRI", kisha nukta mbili, kisha pakavu. Hakupajaza mpaka anaondoka. Tulipofungua hiyo bahasha kulikuwa na tiketi ya daraja la pili, na kitambulisho chake, picha ana nywele.

Basi mwalimu, wewe una majina matatu. Baba hakuwa nalo hata moja.

#18 pweza_mkavu

Mzee umetunyamazisha. Kahawa imepoa.

#19 binti_ngamiani

Nilisoma hapo, nimemaliza 2022. Nina mawili.

Moja, kile kibao hakikupakwa vizuri. Jua la saa tisa likipiga ubavuni, jina la zamani linaonekana chini ya rangi, hasa ile "C" kubwa ya mwanzo. Nimepita juzi na daladala ya Mikanjuni, nikaliona.

Mbili, madawati. Pinduza dawati lolote la pale, chini ya ubao wa kukalia kuna herufi za rangi nyeupe, kifupi cha jina la zamani, mkwaju, namba. Tuliambiwa na mlezi wa bweni ni kwa ajili ya ukaguzi. Nakumbuka langu lilikuwa 117, lilikuwa linabana soksi. Hao wapya wanasema si mali ya chuo cha zamani? Wayapinduze basi.

Na la tatu ambalo si langu kulisema, ila Tanga ni ndogo: huyo mkurugenzi mpya inasemekana ni shemeji wa yule wa zamani.

#20 msimamizi_wa_jukwaa

Taratibu. Mambo ya ukoo wa watu na "inasemekana" yaishie hapo. Atakayetaja jina la mtu au la chuo, bandiko linaondoka naye.

#21 mgosi_wa_pongwe

Mkuu msimamizi hatutaji. Ila nauliza kama mwanafunzi wa sayansi kimu: keki ikikatwa mbele ya shemeji, ni keki mpya?

#22 dalali_wa_kweli

Binti wa #19, hiyo ya namba chini ya dawati ina uzito kuliko kurasa tatu za hati ya kiapo. Mleta uzi, dalali wenu anayo orodha ya vitu alivyokamata. Mwombe apinduze kila dawati, apige picha, aandike namba. Leo.

#23 toga_nyeusi

Naongeza kitu ili tusilewe. Hata mkithibitisha madawati yalikuwa ya chuo cha zamani, hao wapya watasema waliyanunua. Watatoa karatasi ya mauziano. Hapo swali linakuwa tarehe: yaliuzwa kabla ya tuzo au baada? Kwa bei gani? Pesa iliingia akaunti ipi? Na uhusiano wa kifamilia unaingia hapo, kama hoja mahakamani, si kama umbea wa jukwaani.

#24 mwalimu_wa_vipindi

Mimi nilikuwa naye huyo mleta uzi, ananijua. Sikuwemo kwenye hao 11. Tulikuwa wanne wa vipindi, tunalipwa kwa saa, na tuliambiwa na wenzetu wenyewe (si vibaya, nimesamehe) kwamba "ninyi si waajiriwa, msituharibie kesi."

Baadaye mtu akanionyesha Sheria ya Taasisi za Kazi, kifungu cha 61. Ukimfanyia mtu kazi wastani wa saa 45 kwa mwezi kwa miezi mitatu ya mwisho, sheria inaanza kwa kukuchukulia ni mwajiriwa, na yeye ndiye athibitishe vinginevyo. Mimi nilikuwa na saa 14 kwa wiki. Pigeni hesabu.

Nilipoijua hiyo, siku 60 zilikuwa zimekwisha. Sasa hivi naendesha bajaji, Kange mpaka mjini. Mkinipungia nasimama.

#25 chaki_ya_jana

Kaka wa #24, nimekusoma na sina la kujitetea. Tulishauriwa vibaya nasi tukashauri vibaya. Nitakupigia.

Wengine, nina habari. Leo nimekwenda NSSF kuchukua taarifa ya michango, nilikuwa naogopa kuiona. Nilivyotegemea ndivyo: toka Machi 2023 hakuna kitu. Ila hata miezi ambayo nilikatwa, kwenye slipu inaonekana asilimia 10 imekatwa, huku haionekani. Miezi tisa ya 2022 haipo.

Lakini si hilo lililonikalisha chini. Kwenye taarifa kuna sehemu ya jina la mwajiri. Si Chuo cha Fulani. Si Fulani Limited. Si Bodi ya Wadhamini. Imeandikwa jina la shule ya sekondari. Ipo mkoa mwingine kabisa! Sijawahi kukanyaga. Nimemuuliza dada wa dirishani kama amekosea, akageuza kompyuta nikaona mwenyewe.

#26 pweza_mkavu

Lahaula.

#27 kibua_wa_deepsea

Mwajiri wa nne huyo. Bado mmoja mtimize timu ya mpira wa ukumbini.

#28 mhasibu_bila_ofisi

Hiyo nimeiona, wala haihitaji uchawi. Mmiliki alianza na shule, akaisajili NSSF, akapata namba ya mwajiri. Alipofungua chuo hakutaka kusajili upya, akawaingiza humo humo kwenye namba ya shule. Mhasibu anarithi faili, hahoji. Nimefanya hivyo mimi mwenyewe, kwa maelekezo, nikiwa na miaka 25.

Maana yake: kuna mtu mmoja au chombo kimoja kinachomiliki shule na chuo. Shule bado ipo? Inaendeshwa? Ina wanafunzi? Basi huko ndiko kuliko na akaunti yenye zaidi ya elfu kumi na nne.

#29 toga_nyeusi

Au maana yake mtu alikosea kubofya. Polepole.

Michango ni 20% ya mshahara, mwajiri hawezi kumkata mfanyakazi zaidi ya nusu ya hiyo. Alichokukata asikipeleke, NSSF wenyewe wana mamlaka ya kumfuata pamoja na adhabu ya kuchelewesha. Peleka slipu zako kwa mkaguzi wao. Kesi hiyo wataibeba wao, na ninavyowajua hawaogopi kibao kipya, wanafuata namba ya mwajiri.

#30 karani_mstaafu

Na namba hiyo ndiyo itakayosema mwajiri ni nani kuliko sisi wote humu. Nilisema ni wadhamini. Nabakia hapo. Shule nyingi za namna hiyo zinamilikiwa na wadhamini, na wadhamini waliosajiliwa ni chombo chenye lakiri na uhai wa kudumu: akifa mdhamini, akijiuzulu, akiletwa shemeji, chombo ni kile kile na deni ni lile lile.

#31 mhasibu_bila_ofisi

Mimi nasema Limited. Slipu haidanganyi, aliyelipa mshahara ndiye mwajiri.

#32 mama_wawili_makorora

Mwalimu, nimeangalia stakabadhi kama ulivyoniambia. Ninazo sita. Nne zina muhuri wa wadhamini. Moja ina muhuri wa Limited. Ya mwisho haina muhuri, imeandikwa kwa mkono "imepokelewa" na saini, nililipa kwa simu kwenye namba ya mtu.

#33 mgosi_wa_pongwe

Namba ya mtu ilikuja na jina gani mama? (Usilitaje!! Msimamizi yupo macho. Mpe mwalimu pembeni.)

#34 kibua_wa_deepsea

Nje ya mada kidogo, hiyo tuzo ya CMA ilikuwa Kiingereza au Kiswahili? Maana toka 2021 sheria ilibadilishwa lugha ya mahakama ikawa Kiswahili. Shemeji yangu alishinda kesi ya kiwanja akadhani ameshindwa, alilia mpaka akasomewa.

Na samaki leo Deep Sea wamejaa, changu wakubwa. Mwenye kudai mishahara asile kwa macho, aje nimkopeshe.

#35 chaki_ya_jana

Ya kwetu Kiswahili, ila neno "mdaiwa" ndilo lililotushinda.

Kesho saa tatu asubuhi pingamizi la madawati linatajwa. Dalali ameyapinduza yote 23 mbele yangu. Herufi nyeupe zipo kwenye 19. Manne yamepigwa randa, mbao bado nyeupe, unga wake unashika vidoleni. Namba 117 haimo, binti.

#36 binti_ngamiani

Ha! Litakuwa limebaki kule bwenini. Nendeni salama walimu wangu.

#37 chaki_ya_jana

Mrejesho. Imeahirishwa. Wakili wao ana udhuru, yuko na kesi nyingine. Wiki tatu.

Tukiwa tunatoka dalali akanivuta pembeni, anauliza gharama ya yadi atalipwa na nani, madawati yanakula nafasi na mvua inakuja, hana turubai. Nimemwambia nipe mpaka Ijumaa. Upekuzi wa RITA bado, nimeambiwa mtandao uko chini, nirudi Jumatatu.

Kuna mtu humu ana turubai kubwa la kuazima?

#38 mwalimu_wa_vipindi

Ninalo la bajaji ya zamani, halifuniki madawati 23 lakini ukiyapanga mawili mawili juu kwa juu litafika. Nakuja nalo saa kumi. Nipe ramani ya yadi.